Jinsi ya kuandika sehemu ya kwanza ya tamthilia ya taharuki na kuifikisha mezani kwa mtayarishaji: mwongozo kamili kwa mwandishi wa Nairobi

Waandishi chipukizi wa jiji hili huniletea miswada yao wakiwa na lalamiko moja: wameituma sehemu ya kwanza ya tamthilia kwa watayarishaji watano au sita, wakangoja miezi, na hakuna aliyewajibu. Nikiisoma miswada hiyo nakuta kosa lile lile. Hadithi si mbaya, wahusika wana majina mazuri, Kiswahili kimenyooka, lakini mwandishi amemficha mtazamaji kila kitu kwa imani kwamba kuficha ndiko kunakozua taharuki. Mtazamaji asiyejua lolote hana la kuhofia, na asiye na la kuhofia hubadilisha stesheni.

Mwongozo huu unafuata kazi moja tangu wazo hadi mkataba. Fuata hatua kwa mpangilio wake, kwa maana anayeruka hatua ya 2 hurudishwa hapo baadaye akiwa amekwisha kuandika kurasa hamsini.

## Vitu vya kuandaa kabla ya kuanza

- Daftari la mistari na kalamu za rangi tatu.
- Kadi zipatazo 50 za karatasi ya manila, zilizokatwa kwa ukubwa wa kiganja.
- Kompyuta yenye programu ya kuandikia miswada ya filamu. Trelby ni ya bure, WriterDuet ina kiwango kisicholipiwa, na Final Draft hulipiwa. Usiandikie kwenye programu ya kawaida ya barua, kwa sababu utapoteza siku nzima ukisogeza maneno kwa mkono.
- Wasomaji wawili, na mmoja wao awe mtu asiyeogopa kukuudhi.
- Kitambulisho cha taifa na PIN ya KRA, mamlaka ya kodi, ambavyo utavihitaji mwishoni.
- Wiki nane hadi kumi, ikiwa una kazi nyingine ya kukulisha.

## Hatua ya 1: Andika kiini kwa sentensi moja

Sentensi hiyo itaje mtu, tatizo lake na muda alio nao. Mtayarishaji atakayeusoma mswada wako ataanza na sentensi hii, na mara nyingi ataishia hapo.

Nitatumia mfano mmoja hadi mwisho ili tusipotezane njiani: *Naliaka, wakala wa M-Pesa mtaani Umoja, anaona kitambulisho cha jirani yake aliyetoweka kikianguka kutoka kwenye pochi ya mteja, na mteja huyo atarudi saa moja jioni kuchukua pesa zilizobaki.*

Angalia kilichomo. Mtu anajulikana kwa kazi yake, hatari ina sura, na saa imetajwa. Linganisha na sentensi ninayokutana nayo kila mara, "Hii ni hadithi ya mapenzi, usaliti na kisasi jijini Nairobi", ambayo ingeweza kubandikwa juu ya tamthilia yoyote iliyowahi kuonyeshwa.

Tahadhari: Sentensi ikipita maneno 40, kuna hadithi mbili ndani yake. Chagua moja, na ya pili uiweke kwa msimu wa pili.

Utajua umefaulu pale utakapomsomea mtu aliyeketi kando yako kwenye matatu, naye akuulize, "Kisha?"

## Hatua ya 2: Tengeneza daftari la nani anajua nini

Hii ndiyo hatua inayorukwa, na ndiyo nitakayokaa nayo kuliko nyingine zote.

Chora safu tatu kwenye ukurasa. Ya kwanza ni ya mtazamaji, ya pili ni ya mhusika wako mkuu, na ya tatu ni ya adui yake. Kila onyesho lipate mstari wake, na katika kila safu uandike anachokijua mhusika wa safu hiyo onyesho linapoanza. Kalamu ya rangi nyingine itumike kuandika alichojifunza linapokwisha.

Sababu yake ni hii. Mtazamaji anaweza kuwa katika hali tatu tu. Akijua machache kuliko mhusika, yumo katika fumbo, na atatumia akili. Akijua sawa na mhusika, yumo katika wasiwasi, na atatembea naye bega kwa bega. Akijua zaidi ya mhusika, hapo ndipo taharuki yenyewe ilipo, kwa kuwa anaiona hatari inayomsogelea mtu asiyeiona, wala hawezi kumwonya. Tulipofundishwa shuleni kuhusu kinaya, wengi tulidhani ni jambo la kujibia maswali ya mtihani, kumbe ni chombo cha kazi.

Chukua onyesho la Naliaka akifunga kibanda chake. Liandike kwa namna tatu.

Katika namna ya kwanza, anafunga haraka, anatoka mbio, na hatujui kwa nini. Mtazamaji anauliza maswali, lakini hatoki jasho. Katika namna ya pili, tulimwona mteja pamoja na Naliaka, tunajua anachojua, na kila anayepita nje anatutia shaka. Katika namna ya tatu, kabla ya Naliaka kushika kufuli, tumeonyeshwa kwamba mteja hakuondoka: ameketi kwenye kiti cha kinyozi upande wa pili wa barabara, shuka jeupe shingoni, akitazama kibanda kupitia kioo. Naliaka anahesabu noti polepole. Anaijibu simu ya mamake. Anaangusha ufunguo. Mambo hayo madogo, ambayo katika namna ya kwanza yangekuwa upotezaji wa muda, sasa kila moja ni mateso kwa mtazamaji.

Hakuna kilichoongezwa isipokuwa kioo cha kinyozi. Onyesho halikuhitaji bastola wala gari la kufukuzana, na halimgharimu mtayarishaji zaidi ya ruhusa ya kinyozi.

Niseme pia kwamba nilijifunza haya kwa aibu. Mswada wangu wa kwanza ulimficha muuaji hadi ukurasa wa mwisho, nami nikajiona fundi. Mtayarishaji aliyeusoma alinirudishia ukiwa umekunjwa pembe kwenye ukurasa wa tisa, akaniambia kwa upole kwamba hapo ndipo usingizi ulipomchukua. Nilikasirika wiki mbili. Wiki ya tatu nilihamisha sura ya muuaji kutoka ukurasa wa 52 hadi ukurasa wa 4, na sikubadilisha kingine chochote, na mswada ukasomeka.

Tahadhari ya kwanza: Usimpe mtazamaji yote. Mwambie *kuna* hatari na *iko wapi*, lakini *kwa nini* uibane. Mteja alikipataje kitambulisho cha Kerubo, yule jirani aliyetoweka? Swali hilo linaweza kubeba sehemu nzima za mbele.

Tahadhari ya pili: Ikiwa mhusika anajua jambo, na mtazamaji yuko naye katika kila onyesho, usilifiche jambo hilo kwa hila ya kukata picha. Mtazamaji ataona amedanganywa, na hatasahau.

Tahadhari ya tatu: Sadfa iruhusiwe kuleta taabu, isiruhusiwe kuleta wokovu. Kitambulisho kuanguka kwenye kaunta ni sadfa, na tunaikubali kwa sababu inamwingiza Naliaka matatani. Polisi wa doria akipita kwa bahati wakati ule ule mteja anapouinua mkono, tamthilia imekufa.

Utajua umefaulu ukitazama safu ya mtazamaji na kukuta kwamba katika angalau nusu ya maonyesho, yeye ndiye mwenye habari nyingi kuliko mhusika mkuu.

## Hatua ya 3: Weka saa, kisha uifanye iwe ya hapa

Taharuki bila ukomo wa muda hulegea kama kamba ya kuanikia nguo. Waandishi wengi wanalijua hilo, lakini huazima saa za watu wengine: bomu lenye tarakimu nyekundu, ndege inayoondoka. Nairobi ina saa zake, na mtazamaji wa hapa huzihisi mwilini.

Tokeni za stima zimebaki yuniti sifuri nukta nne, na mita inalia. Askari wa lango hufunga geti saa tano usiku na hafungulii mtu. Matatu ya mwisho ya kwenda Buruburu inajaza. Betri ya simu imebaki asilimia tatu, na namba ya pekee inayohitajika imo ndani ya simu hiyo.

Iko pia saa ya kisheria, ambayo nashangaa haitumiwi zaidi. Kifungu cha 49 cha Katiba ya 2010 kinataka mtu aliyekamatwa afikishwe mahakamani mapema iwezekanavyo, na si baada ya saa 24. Lakini saa hizo zikiisha nje ya muda wa kazi wa mahakama, au katika siku isiyo ya mahakama, ukomo husogezwa hadi mwisho wa siku ya mahakama inayofuata. Kwa hiyo kakake Naliaka akikamatwa kimakosa Jumanne asubuhi, una hadithi ya siku moja. Akikamatwa Ijumaa jioni, ana Jumamosi na Jumapili nzima ndani ya seli, na wewe una sehemu tatu za tamthilia ambazo hukuzilipia.

Tahadhari: Amua mapema kama wahusika wako watasema saa kwa Kiswahili, yaani saa moja jioni, na usiibadilishe. Nimesoma mswada ambamo mhusika aliitwa "saa mbili", akaja saa nane, na mwandishi mwenyewe hakuwa na habari kwamba amechanganya hesabu mbili.

## Hatua ya 4: Fanya utafiti kwa miguu

Mtazamaji husamehe uongo mkubwa na hukataa uongo mdogo. Atakubali kwamba muuaji ana pacha, lakini hatakubali wakala wa M-Pesa anayemwambia mteja wa kutoa pesa kwamba "floti imeisha". Floti ni pesa iliyo kwenye simu, na huhitajika mteja anapoweka. Anapotoa, kinachohitajika ni pesa taslimu mkononi. Kila mama aliyewahi kuketi ndani ya kibanda kile atalisikia kosa hilo na kuacha kukuamini, na wapo wengi sana miongoni mwa watazamaji wako. Mimi mwenyewe nililiandika hivyo katika rasimu ya kwanza, hadi wakala wa karibu na kwangu aliponicheka.

Kutoka kwake nilipata zaidi ya masahihisho. Wakala huandika kila muamala kwenye daftari: jina, namba ya kitambulisho, namba ya simu, kiasi. Maana yake, jina la mteja limo mikononi mwa Naliaka, na mteja anajua limo. Daftari la kawaida la kaunta limegeuka kitu cha kuuliwa kwa ajili yake. Mambo kama haya hayapatikani kwa kukaa chumbani na kufikiri.

Katika masuala ya polisi na mahakama, hakikisha angalau haya:

- Anayepiga ripoti kituoni huandikiwa katika kitabu cha matukio na kupewa namba ya OB. Mwenye majeraha ya kushambuliwa hujaziwa fomu ya P3. Mkuu wa kituo ni OCS, na makachero ni wa DCI, idara ya upelelezi wa jinai, ambao makao yao makuu yako Barabara ya Kiambu.
- Kesi za jinai nchini Kenya husikizwa na hakimu au jaji, bila baraza la raia kumi na wawili. Mswada wenye wakili anayegeuka kulihutubia baraza hilo umeandikwa kutoka kwenye runinga ya Marekani.
- Anayeongoza mashtaka ni kiongozi wa mashtaka kutoka afisi ya mkurugenzi wa mashtaka ya umma. Afisa aliyechunguza kesi huja kama shahidi.
- Kifo kinachohusishwa na polisi huchunguzwa pia na IPOA, mamlaka huru ya kusimamia polisi iliyoundwa kwa sheria ya 2011. Ukimwua mshukiwa ndani ya seli kisha usitaje uchunguzi wowote, mtazamaji ataona pengo.

Mahakama ziko wazi kwa umma. Nenda Makadara, zinakofika kesi nyingi za mitaa ya Eastlands, uketi kwenye benchi la nyuma asubuhi mbili tatu na daftari lako. Usipige picha wala kurekodi. Sikiliza jinsi washtakiwa wanavyonyamaza, kwa maana ndipo utakapojifunza mazungumzo.

Utajua umefaulu ukiwa na mambo matano ambayo hukuyajua ulipoanza, na angalau moja kati yake limebadilisha hadithi.

## Hatua ya 5: Panga kadi sakafuni

Kila onyesho lipate kadi moja yenye mahali, wakati na badiliko moja. Onyesho lisilo na badiliko halina kadi.

Kipindi cha nusu saa, matangazo yakitolewa, hubaki na takriban dakika 22 hadi 26, nacho cha saa nzima hubaki na takriban mara mbili ya hizo. Ukurasa mmoja wa mswada ulioandikwa kwa mpangilio sahihi huchukua karibu dakika moja kwenye skrini. Kwa hiyo amua unaandikia nafasi ipi kabla ya kukata kadi, la sivyo utaleta kurasa 38 ambazo hazitoshei popote.

Weka kadi nyekundu kila mahali tangazo litakapoingia. Kadi iliyotangulia nyekundu iache swali ambalo jibu lake lina madhara. "Nani anabisha mlango?" ni swali hafifu, kwa kuwa mara tisa kati ya kumi anayebisha huwa ni jirani aliyekuja kuomba chumvi. Kinachofaa zaidi ni Naliaka kufungua daftari lake na kukuta ukurasa wa leo umechanwa.

Tahadhari ya gharama: Hesabu mahali pa kupigia picha. Sehemu ya kwanza yenye mahali 25, mvua, umati wa Gikomba na gari kuwaka moto kwenye Thika Road itawekwa kando hata ikiwa tamu. Jitahidi ubaki na mahali sita au saba, na nusu yake pawe ndani. Upigaji picha wa usiku nje unahitaji taa, jenereta na ulinzi, basi usiku wako uwe wa lazima.

## Hatua ya 6: Andika rasimu kwa mpangilio wa kazi

Tumia herufi za Courier za ukubwa wa 12. Kila onyesho lianze na kichwa kinachosema ni ndani au nje, mahali, na wakati. Andika kinachoonekana na kinachosikika pekee. "Naliaka anakumbuka utoto wake" hakipigiki picha.

Hivi ndivyo ufunguzi wetu unavyoweza kusomeka:

> NDANI. KIBANDA CHA M-PESA, UMOJA – ALASIRI
>
> Naliaka anahesabu noti. Mbele yake MTEJA, miaka arobaini hivi, shati limepigwa pasi. Anavuta kitambulisho kutoka kwenye pochi. Kingine kinaanguka kwenye kaunta, picha juu.
>
> Uso wa mwanamke. KERUBO.
>
> Naliaka haachi kuhesabu.
>
> MTEJA
> Pole. Ni hiki.
>
> Anakiokota kile kingine bila haraka.
>
> NALIAKA
> Cash nimebaki na elfu ishirini. Hizo zingine labda jioni.
>
> MTEJA
> Hakuna shida. Wewe hufunga saa ngapi?
>
> NALIAKA
> Saa moja.
>
> Mteja anatazama kufuli lililoning'inia mlangoni. Anatabasamu.
>
> MTEJA
> Basi saa moja.

Hakuna aliyemtisha mwenzake, na hakuna aliyesema anachofikiria. Naliaka haachi kuhesabu, na kwa kutoacha huko tunajua amekiona. Mwandishi mwingine angemwandikia, "Mungu wangu! Hiki si kitambulisho cha Kerubo, jirani yangu aliyetoweka siku tatu zilizopita?" na onyesho lingekuwa limekwisha kabla halijaanza.

Kuhusu lugha ya mazungumzo, waache watu waseme wanavyosema. Maelezo ya mswada yabaki Kiswahili sanifu, lakini kondakta asiongee kama msomaji wa habari. Sheng itumike kwa kipimo na kwa umri wa mhusika, ukikumbuka kwamba huzeeka upesi: neno linalowaka leo Umoja huenda likachekwa siku tamthilia itakapoonyeshwa.

Fikiria pia saa ya kuonyeshwa. Kanuni za utangazaji zinataka vipindi vya kati ya saa kumi na moja alfajiri na saa nne usiku viwe vinavyofaa familia nzima, na Bodi ya Kuainisha Filamu hupanga kazi katika madaraja ya GE (watu wote), PG (uangalizi wa mzazi), 16 na 18. Usilalamike. Damu isiyoruhusiwa kuonekana hukulazimisha kuonyesha kandambili moja nje ya mlango, na kandambili hiyo hutisha kuliko damu.

Tahadhari: Usihariri ukurasa wa kwanza kabla ya kuandika wa mwisho. Nawajua watu wenye ukurasa wa kwanza bora nchini, na hawana wa pili.

## Hatua ya 7: Usomewe, nawe unyamaze

Uache mswada wiki moja. Kisha wape wasomaji wako wawili wausome kwa sauti, wakigawana wahusika, nawe ukae na saa na kalamu. Usieleze chochote. Tia alama kila wanapojikwaa, wanapocheka pasipostahili, na hasa wanaposhika simu zao.

Mwishoni uliza maswali mawili tu: uliogopa lini, na ulichoka lini? Ushauri wao wa namna ya kurekebisha usiutilie maanani sana, lakini mahali walipochoka ni ushahidi. Rudi kwenye daftari la hatua ya 2 uangalie mstari wa onyesho hilo. Mara nyingi utakuta safu zote tatu zinafanana.

## Hatua ya 8: Linda kazi kabla haijatoka nyumbani

Hakimiliki huzaliwa pale kazi inapoandikwa, na kwa sheria ya Kenya huishi maisha ya mwandishi na miaka 50 baada ya kifo chake. Usajili kwa Bodi ya Hakimiliki, KECOBO, hufanywa mtandaoni na ni wa hiari, lakini cheti ni ushahidi rahisi zaidi kuliko barua pepe za zamani. Kinacholindwa ni mswada wako, si wazo. Hakuna anayeweza kumiliki "wakala wa M-Pesa aliyeona siri", na kwa sababu hiyo usitume wazo tupu la aya moja kwa watu usiowajua. Tuma kazi iliyokamilika.

Jambo linalowaumiza wengi ni hili. Sheria ya Hakimiliki ya 2001 inasema kazi iliyoagizwa, au iliyofanywa ukiwa umeajiriwa, huhesabiwa kuwa imehamishiwa kwa aliyeiagiza au mwajiri, isipokuwa mkataba useme vinginevyo. Kwa maneno mengine, mtayarishaji akikuambia kwa mdomo, "Niandikie sehemu kumi," nawe ukaandika bila karatasi, huenda umempa kila kitu, pamoja na Naliaka mwenyewe. Niliwahi kuandika sehemu nane kwa makubaliano ya kikombe cha chai. Malipo ya sehemu tano sijayaona hadi leo, na wahusika walirudi msimu wa pili bila mimi.

## Hatua ya 9: Tuma kifurushi

Kifurushi kiwe na vitu vinne: sentensi ya kiini, muhtasari wa ukurasa mmoja, kurasa tatu hadi tano zinazoeleza wahusika na mwelekeo wa msimu, na mswada wenyewe kwa PDF. Jina la faili liwe na jina lako na la tamthilia. "Final final 3" inamwambia mtayarishaji mengi kuhusu nidhamu yako.

Barua isizidi aya mbili. Taja kazi moja ya mtayarishaji huyo uliyoitazama kweli, na useme kwa nini yako inamfaa yeye. Anayeandika "kwa yeyote anayehusika" na kuwaweka watu kumi na wawili kwenye barua moja hajibiwi na hata mmoja.

Tuma kwa watatu kwa wakati mmoja. Ngoja wiki tatu, kumbusha mara moja kwa sentensi mbili, kisha uwaendee watatu wengine. Wakati huo huo fuatilia miito ya kazi ya Kenya Film Commission na ya chaneli zenyewe, ambazo hutangaza wazi muundo wanaoutaka. Soma masharti neno kwa neno, kwa kuwa kazi nyingi huondolewa kwa idadi ya kurasa kabla ya kusomwa.

Utajua umefaulu si kwa kukubaliwa tu. Jibu linalosema "hii hapana, una nyingine?" ni mlango, na ujibu siku hiyo hiyo.

## Hatua ya 10: Ukiitwa, kubali kuanzia chini, lakini kwa maandishi

Mara nyingi mtayarishaji hatainunua tamthilia yako. Atakualika kwenye chumba cha waandishi cha tamthilia nyingine, kwa sababu sehemu yako ya kwanza imemthibitishia kwamba unaweza. Kubali. Tamthilia inayoonyeshwa siku tano kwa wiki mwaka mzima hula sehemu 260, na hakuna shule itakayokufundisha kufunga onyesho upesi kama hiyo. Utaanza kwa kuandika mazungumzo ya sehemu zilizopangwa na mwandishi mkuu, kisha utapewa sehemu nzima, kisha utaulizwa maoni kuhusu msimu.

Kabla ya kuandika neno la kwanza, mkataba utaje mambo haya: malipo kwa kila sehemu na tarehe zake, idadi ya marekebisho yaliyomo katika bei hiyo, jina lako litaandikwaje kwenye skrini, haki zipi unazihamisha na zipi unabaki nazo, na kitatokea nini kazi ikisitishwa katikati. Omba sehemu ya malipo unapotia sahihi. Ukisikia kwamba "mkataba unaandaliwa, wewe endelea tu", jibu kwa adabu kwamba utaendelea siku utakapofika.

Mtayarishaji wa kweli atakudai PIN ya KRA na ankara ya eTIMS, mfumo wa KRA wa ankara za kielektroniki, na atakata kodi ya zuio kabla ya kukulipa. Mwombe cheti cha makato hayo kila mara, ukiweke kwenye faili moja na mkataba, rasimu zenye tarehe, na cheti cha KECOBO. Tamthilia ya Naliaka nayo iendelee kukaa kwenye kompyuta, ikiwa na kadi za sehemu ya pili tayari zimepangwa, kwa sababu swali la kwanza utakaloulizwa siku mtu atakapoitaka ni nini kinatokea baada ya saa moja.